Risasi Iliyotoka Kweli

Tangu nianze kufanya mazingaombwe mashuleni na harusini, sijaulizwa swali kuhusu njiwa kama ninavyoulizwa kuhusu mapanga: "Na ukikosea?" Sidhani kama watu hao wana kiu ya damu. Wanataka kumwona mwenzao akitoka salama pale ambapo wao wasingethubutu kusimama.

Ndiyo maana kisa cha mwanamazingaombwe Chung Ling Soo hakinitoki. Mabango yalimwita Mchina, na jukwaani hakufungua kinywa. Kumbe alikuwa William Robinson, Mmarekani mzaliwa wa New York. Mchezo uliowatia watu roho juu ulikuwa kudaka risasi: watazamaji wanazitia alama, wasaidizi wanamlenga kifuani, bunduki zinalia, naye anazikinga kwa sahani ya kauri.

Bunduki zenyewe zilikuwa magobori. Chini ya mtutu wa gobori kuna bomba la kuwekea ufito wa kushindilia. Soo alizirekebisha ili moto uingie kwenye bomba hilo, lenye baruti tupu, na mtutu wenye risasi usiguswe. Mlio na moshi vilikuwa vya kweli. Risasi zenye alama zilikwisha kubadilishwa kwa wepesi wa mkono.

Lakini baada ya onyesho hakuifyatua ile risasi iliyobaki. Alifungua bunduki kwa nyuma, akatoa risasi na baruti. Fungua funga hiyo, miaka nenda miaka rudi, ilizila skrubu, na chembe za baruti zikapenya. Usiku wa tarehe 23 Machi 1918, katika ukumbi wa Wood Green Empire, London, moto uliufikia mtutu. Soo akaanguka, akaomba kwa Kiingereza pazia lishushwe. Kesho yake alifariki.

Ungedhani London ingeshiba hatari. Tarehe 17 Januari 1921, katika ukumbi wa Finsbury Park Empire, mwanamazingaombwe P. T. Selbit alimfungia mwanamke sandukuni na kulikata sanduku kwa msumeno, na mchezo huo ukaenea haraka hadi Marekani.

Tarehe 9 Aprili 1956 ikawa zamu ya Sorcar, Mbengali kutoka India, katika kipindi cha Panorama cha BBC. Msumeno wa umeme ulimpitia binti kiunoni, na kipindi kikaishia hapo kabla hajaonekana akiinuka. Simu zikamiminika BBC, watu wakiuliza kama amekufa. Binti alikuwa mzima, na tiketi za maonyesho ya Sorcar mjini London zikagombewa.