Vikosi vya Mei 1916 Vilivyopita Chini ya Milima ya Upare

Ukitoka Same kwa barabara ya mashariki, ile inayopita Kisiwani, Gonja, Ndungu na Kihurio ndipo ifike Bendera na kutokea Mkomazi, milima ya Upare inakaa mkono wa kulia na mbuga inabaki mkono wa kushoto. Abiria wengi husinzia. Hakuna kinachowaamsha kuwaambia kwamba njia hii iliwahi kujaa majeshi, na kwamba wengi wa waliokuwa wakiwindana humu walikuwa watu wa lugha moja na hata wa ukoo mmoja.

Mwezi Mei mwaka huu wa 2026 inatimia miaka 110 tangu vikosi vya Jenerali Jan Smuts vishuke kutoka Kilimanjaro kuwafukuza Wajerumani kwenye reli ya Tanga. Sisi tumezoea kuiita vita ile Vita vya Kwanza vya Dunia, kana kwamba ilikuwa ya dunia na si yetu. Nimesoma tena vitabu viwili vya watu waliovaa sare: kumbukumbu za Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, na historia ya King's African Rifles, yaani KAR, iliyoandikwa na Moyse-Bartlett mwaka 1956. Wa kwanza anajivunia ujanja wake, wa pili anajivunia askari wa miguu. Nakiri kwamba huyu wa pili amenivuta zaidi.

Mwanzo wa vita unajulikana. Agosti 1914 Wajerumani waliteka Taveta. Novemba mwaka huo Waingereza walipigwa vibaya Tanga. Mwaka 1915 ulikuwa wa doria na baruti kwenye reli ya Uganda. Machi 1916 Smuts aliingia Moshi. Hayo yamo katika vitabu vya shule.

Kisichofundishwa ni nani walikuwa ndani ya vikosi hivyo. Mwaka 1889 Mjerumani Hermann von Wissmann alikwenda Cairo kutafuta askari wa kupigana na Abushiri, aliyewaasi Wajerumani pwani, akarudi na Wasudani wapatao mia sita. Hao ndio waliozaa jeshi la Kijerumani la Afrika Mashariki, lenye vyeo vyake vya efendi na ombasha. Miaka miwili baadaye, Mwingereza Frederick Lugard aliwachukua Wasudani wengine, mabaki ya jeshi la Emin Pasha, kutoka Kavalli karibu na Ziwa Albert, akawapeleka Uganda. Hao nao ni mizizi ya KAR, jeshi lililoundwa rasmi Januari 1902. Basi watu wa nyumba moja waligawanywa na wageni wawili, na watoto wao wakaja kukutana kwenye mtutu wa bunduki.

Mgawanyiko wa pili ulikuwa wa karibu zaidi. Mwaka 1911 serikali ya Uingereza, kwa kubana matumizi, ilivunja batalioni ya 2 ya KAR, iliyokuwa na watu wengi wa Nyasaland. Askari waliofunzwa vizuri wakajikuta hawana kazi. Baadhi yao walivuka mpaka wakaandikishwa na Wajerumani. Vita ilipoanza miaka mitatu baadaye, walijua amri za KAR, walijua tarumbeta zake, walijua hata makoplo wake kwa majina. Mimi sioni neno jingine la kuiita hali hiyo ila vita ya wenyewe kwa wenyewe, hata kama bendera zilikuwa za wengine.

Wapanda farasi wa Smuts kutoka Afrika Kusini nao walikuja na vita vyao vya ndugu mgongoni. Oktoba 1914 Makaburu wa Afrika Kusini zaidi ya 11,000 waliasi, wakikataa kupigana upande wa Mwingereza aliyewashinda miaka 12 tu kabla. Louis Botha na Smuts, ambao nao walikuwa majenerali wa Makaburu, waliuzima uasi huo kwa farasi wa Kikaburu dhidi ya farasi wa Kikaburu. Jopie Fourie, ofisa wa jeshi aliyejiunga na waasi, alipigwa risasi Pretoria Desemba 20, 1914. Baada ya hapo wakaiteka Afrika Kusini Magharibi mwaka 1915, kwa mwendo wa farasi katika nchi kavu. Walipopanda meli kuja Mombasa waliamini wamekwishajifunza namna ya kupigana Afrika. Na huku Arusha na Meru walikuwako Makaburu waliohamia tangu 1905, chini ya Mjerumani.

Hapa ndipo penye kisa cha Salaita, nami nitakaa nacho kidogo.

Salaita ni kilima kifupi mashariki ya Taveta, si mbali na Ziwa Jipe ambalo watu wa Ugweno huliona kutoka milimani kwao. Februari 12, 1916, wiki moja kabla Smuts mwenyewe hajafika, brigedi ya pili ya askari wa miguu kutoka Afrika Kusini ilipewa kazi ya kukiteka. Wengi wao walikuwa vijana wazungu wasiowahi kupigana na askari Mwafrika. Kambini walikuwa wakiwadharau wote wasio weupe, pamoja na Wahindi waliokuwa upande wao, wakiwaita makuli. Asubuhi ile mizinga ilipiga kilele cha Salaita mpaka kikafuka moshi. Lakini Wajerumani hawakuwa kileleni. Mahandaki yao yalikuwa chini, vichakani, na ndani yake walikaa askari wa Meja Georg Kraut wakisubiri kimya.

Walipofyatua, mstari wa Waafrika Kusini ulisimama. Kisha kombania za Kapteni Schulz zikatokea ubavuni, askari wakija na singe mbele. Ile brigedi ilirudi nyuma, na sehemu yake ikarudi kwa mbio. Zaidi ya watu 130 wake waliuawa, walijeruhiwa au walipotea siku ile. Aliyewazuia askari wa Kraut wasiwamalize alikuwa yule yule waliyemwita kuli: batalioni ya 130 ya Wabaluchi. Waandishi wa vita wameirudia simulizi kwamba Wabaluchi waliokota bunduki ya rashasha iliyotupwa na Waafrika Kusini, wakawarudishia pamoja na salamu za heshima na ombi moja, kwamba tangu sasa wasiwaite tena makuli.

Waliowafukuza vijana wale walikuwa askari Waafrika wa miguu, wenye bunduki nyingi za zamani zilizotoa moshi mzito. Lingekuwa jambo la kuonewa fahari bila kizuizi, kama si kwamba bwana wao alikuwa yule yule aliyewachapa babu zao kiboko na kuizima Majimaji kwa njaa. Ushujaa wao nausifu. Kazi waliyopewa siwezi kuisifu.

Farasi walikuwa na hadithi zao. Nairobi, Agosti 1914, walowezi waliunda East African Mounted Rifles, kila kundi na jina lake. Moja liliitwa kwa jina la Monica, binti wa Gavana Belfield, na lilibeba mikuki ya mianzi. Wengine walipaka farasi weupe milia wafanane na pundamilia, ili wasionekane nyikani. Wajerumani nao walikuwa na walowezi wapanda farasi, na Lettow-Vorbeck anasimulia kwa furaha jinsi doria yake ilivyovizia farasi wa Waingereza wakienda kunywa maji, ikaswaga 57. Anasema kwa farasi hao aliweza kuunda kombania ya pili ya wapanda farasi.

Lakini aliyewashinda wapanda farasi wa pande zote hakuwa na bunduki. Alikuwa mbung'o. Ajabu ni kwamba ugonjwa wake, nagana, ulichunguzwa huko huko Zululand na daktari wa jeshi la Uingereza, David Bruce, mwaka 1895. Waafrika Kusini waliujua kwa jina. Hata hivyo, Aprili 1916 Jaap van Deventer alipelekwa na brigedi yake ya farasi kutoka Arusha hadi Kondoa Irangi katikati ya masika. Aliichukua Kondoa Aprili 19. Njiani aliacha mizoga kwa mamia. Mwanahistoria Hew Strachan anatoa hesabu ya wanyama waliokufa katika miezi miwili tu ya mwaka huo, katikati ya Septemba hadi katikati ya Novemba: farasi 10,000, nyumbu wa kazi 10,000, ng'ombe 11,000 na punda 2,500. Mfugaji wa Kipare au Mmasai angewaambia bure mahali pa kupita na pa kutopita.

Ndipo tufike kwetu. Masika ilipopungua, katika siku za mwisho wa Mei 1916, Smuts alituma misafara mitatu. Mmoja, wa Jenerali Sheppard, ulifuata mto Pangani. Ulikuwa na Wapunjabi, Wabaluchi, Wakashmiri na Warodesia, na wapanda farasi wachache tu wa Kihindi kutoka 17th Cavalry. Wa pili, wa Jenerali Hannyngton, ulifuata reli. Wa tatu ulikuwa batalioni ya 3 ya KAR chini ya Fitzgerald, iliyopita pengo la Ngulu na kuteremka hadi Gonja. Hannyngton alipofika Same alikuta adui ameondoka. Akaiacha reli, akakata kuingia mashariki ya milima, akaungana na KAR, wakashuka pamoja kwa bonde la mto Mkomazi. Ndiyo njia ya Kihurio na Bendera.

Aliyekuwa akirudi nyuma mbele yao ni Kraut, yule wa Salaita. Safari hii hakusubiri. Aliogopa kuzungukwa, na milima ya Upare, ambayo alitegemea impe kinga, ndiyo iliyowapa maadui zake njia mbili za kumzunguka. Mei 30 kulikuwa na mapigano Mikocheni, kati ya mto na milima, na Mei 31 Buiko ilikuwa mikononi mwa Waingereza. Kwa siku kumi hivi walikuwa wametembea karibu kilomita 200. Walitembea kwa miguu. Katika jambo hili Moyse-Bartlett ana haki ya kujivuna: pale ambapo farasi walikwama, askari wa KAR alifika.

Ila alifika kwa sababu kulikuwa na mtu nyuma yake mwenye mzigo kichwani. Mpagazi alibeba risasi, unga na majeruhi, mara nyingi akiwa na chakula pungufu kuliko aliowabebea. Pande zote mbili ziliwatoa vijana vijijini kwa nguvu, na Upare, ikiwa kando ya reli, haikupona. Kwa jumla zaidi ya watu milioni moja walibebeshwa mizigo katika vita hivi, na wanahistoria wanakadiria kwamba upande wa Waingereza peke yake walikufa karibu 95,000 au zaidi, wengi kwa kuhara, homa na uchovu. Jina lao la jeshi, Carrier Corps, ndilo lililobaki kwetu kama Kariakoo.

Mwaka 1917 KAR iliunda batalioni ya 6, na iliijaza na nani? Askari wa Mjerumani waliotekwa. Mtu aliyevaa kofia ya Kaiser mwaka uliopita sasa alivaa ya Mfalme, akatumwa kuwafuata rafiki zake waliokuwa bado na Lettow-Vorbeck. Huo mzunguko ulisimama Novemba 25, 1918, Abercorn, mji ambao leo ni Mbala, Zambia, ambako Wajerumani 155 na askari 1,168 waliweka silaha chini. Kufikia hapo KAR, iliyoanza vita na askari wapatao 2,300, ilikuwa na zaidi ya 35,000.

Batalioni ya 6 ilibaki kuwa jeshi la Tanganyika. Ilipigana Ethiopia mwaka 1941. Mwaka 1961 ikawa Tanganyika Rifles, ikaasi Januari 1964 ikavunjwa, na Septemba 1 mwaka huo ikazaliwa JWTZ.

Dar es Salaam kuna Sanamu ya Askari, iliyowekwa mwaka 1927 mahali palipokuwa na sanamu ya Wissmann. Ni askari wa miguu mwenye singe, na ni haki yake. Lakini Upare sijaona hata kibao. Aprili 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuandikwa majina mahali popote au hawakukumbukwa kabisa. Nilitegemea ukiri huo ungefuatwa na kelele huku kwetu. Umepita kama treni ya usiku.

Halmashauri ya Same inatangaza utalii wa Hifadhi ya Mkomazi na mlima Shengena, na inafanya vizuri. Naiomba iongeze jambo dogo. Pale barabara ya Bendera inapotokea Mkomazi, kibao cha mbao kingetosha kuanzia, kikiandikwa vikosi vya pande zote mbili vilivyopita Mei 1916. Neno wapagazi liandikwe juu yake, kwa herufi kubwa kuliko zote.