Jioni ya mgeni Kakamega: Msitu, mto, isukuti na ingokho

MGENI anayeingia Kakamega asubuhi, akawaona mbega na vipepeo msituni, kisha akaondoka alasiri kwenda kulala Kisumu, huondoka na picha nyingi nzuri. Hata hivyo, huwa bado hajawajua wenyeji wake. Katika eneo hili la magharibi mwa Kenya, mengi yaliyo ya thamani huanza jua linapoelekea kutua. Ng'ombe huwa wamerudi zizini, moto umewashwa jikoni, na palipo na sherehe au matanga, mlio wa isukuti husikika kutoka ng'ambo ya bonde.

Makala haya yanaeleza namna mgeni anavyoweza kuitumia jioni moja ya Kakamega kuona mandhari, kusikiliza ngoma na kula chakula cha wenyeji. Vilevile yanaeleza kwa nini jioni hiyo ni zaidi ya starehe, kwani ngoma inayomlaki mgeni ni miongoni mwa zile ambazo ulimwengu umetahadharishwa kwamba huenda zikatoweka.

Jioni za mito kwingineko

Matembezi ya jioni yanayochanganya mandhari, sanaa ya asili na mlo si jambo geni ulimwenguni. Nchini Vietnam yamekuwa sehemu muhimu ya utalii. Katika mji wa Hue, uliokuwa makao ya wafalme wa ukoo wa Nguyen kuanzia 1802 hadi 1945, wageni hupanda mashua jioni katika Mto Huong na kusikiliza nyimbo za kale za mji huo zikisindikizwa na ala za nyuzi. Katika jiji la Ho Chi Minh, meli zenye taa za kila rangi hupita polepole katika Mto Saigon huku abiria wakila chakula cha usiku. Nao mji wa kale wa Hoi An, ulioingizwa katika orodha ya Unesco ya turathi za dunia mwaka 1999, hupendeza zaidi usiku, taa za hariri zinapoangaza kingo za Mto Thu Bon.

Afrika Mashariki nayo ina jioni zake. Mjini Mombasa, majahazi ya mkahawa wa Tamarind yalipata sifa kwa kuwachukua wageni kutoka Nyali na kuzunguka nao katika mkondo wa Tudor huku wakila kamba na samaki. Unguja, bustani ya Forodhani iliyokarabatiwa na kufunguliwa upya mwaka 2009 hugeuka soko la vyakula mara tu jua linapozama. Kisumu, wavuvi wa ufuo wa Dunga huwapakia wageni mashuani kutazama viboko na machweo ya Ziwa Victoria.

Kakamega haina ziwa wala bahari. Mito miwili mikubwa ya msitu wake, Isiukhu na Yala, ni mito ya mawe na maporomoko. Si ya kuelea na meza za chakula. Kwa hiyo, mgeni wa Kakamega huusikiliza mto akiwa ukingoni, kisha akala nchi kavu. Lakini kile ambacho meli za Saigon huleta jukwaani kwa dakika chache, Kakamega bado ina watu wanaokiishi.

Saa kumi hadi saa moja: Msitu na kilima

Msitu wa Kakamega ndio kipande pekee kilichosalia nchini Kenya cha msitu wa mvua wa aina ile iliyoenea kutoka Guinea hadi Kongo. Ulitangazwa kuwa msitu wa hifadhi mwaka 1933. Mwaka 1985 sehemu yake ya kaskazini ilifanywa hifadhi ya taifa, ambayo sasa iko chini ya shirika la wanyamapori, KWS, ilhali ile ya kusini husimamiwa na shirika la misitu, KFS. Una zaidi ya aina 300 za ndege na aina zipatazo 400 za vipepeo.

Mgeni mwenye jioni moja tu anapaswa kuchagua upande mmoja, kwa sababu hawezi kuzimaliza pande zote mbili kabla ya giza.

Upande wa kusini hufikiwa kwa kuiacha barabara kuu ya Kisumu-Kakamega katika soko la Khayega, kisha kupitia Shinyalu hadi Isecheno. Kabla ya kuiacha barabara hiyo, inafaa kusimama Ilesi kulitazama jiwe liitwalo Ikhongo Murwi, ambalo wengi hulijua kama jiwe linalolia. Ni mwamba wa kimo cha kama mita 40 unaofanana na mtu aliyeinamisha kichwa, na maji huutiririka kama machozi. Wenyeji wana visa vingi kuuhusu, na si vibaya mgeni kumwomba mzee amsimulie kimojawapo.

Kutoka Isecheno, kivutio cha jioni ni kilima cha Lirhanda. Ubavuni mwake kuna shimo lililoachwa na wachimbaji wa dhahabu, kumbukumbu ya miaka ya 1930 ambapo wageni kwa maelfu walimiminika Kakamega wakitafuta utajiri. Leo wakazi wa shimo hilo ni popo. Kileleni mtu huuona msitu wote ukiwa umetandazwa chini yake kama zulia, na miinuko ya Nandi ikiufunga upande wa mashariki.

Upande wa kaskazini una lango la Buyangu, kwenye barabara inayotoka mjini Kakamega kuelekea Webuye. Huko kuna kilima cha Buyangu cha kutazamia machweo, na njia ya miguu inayoshuka hadi maporomoko ya Mto Isiukhu. Anayependa mto achague upande huu.

Kakamega iko karibu sana na ikweta, hivyo jua hutua kati ya saa kumi na mbili na nusu na saa moja mwaka mzima. Mgeni aanze kupanda kilima kabla ya saa kumi na moja ili asifike machweo yakiwa yamepita. Mara giza linapoingia, msitu hubadilisha wakazi. Komba huanza kulia, na mwenye bahati anaweza kumwona poto, mnyama mdogo mwenye macho makubwa na mwendo wa polepole, ambaye nchini Kenya anajulikana katika msitu huu. Hata hivyo, pasiwe na mtu wa kuingia msituni usiku bila mwongozaji wala bila kuomba idhini mapema.

Saa moja: Isukuti

Isukuti ni ngoma ya Waisukha na Waidakho, jamii mbili za Waluhya zinazoishi hasa Shinyalu na Ikolomani. Jina la ngoma limetokana na ala yenyewe. Ngoma hupigwa tatu pamoja, kubwa, ya wastani na ndogo, na kuungwa mkono na pembe ya paa na njuga za chuma. Mwimbaji mmoja huongoza, wengine huitikia, na wachezaji hujipanga kwa safu, wanaume peke yao na wanawake peke yao. Mwendo wake ni wa kasi, na mabega hufanya kazi kubwa kuliko miguu.

Jambo ambalo mgeni hana budi kulielewa ni kwamba isukuti si burudani ya usiku tu. Hupigwa mtoto anapozaliwa, vijana wanapotiwa jandoni, watu wanapooana na mzee anapozikwa. Hupigwa pia fahali wanaposindikizwa uwanjani kupigana. Maneno ya nyimbo hufuata tukio. Mwimbaji hodari humtaja aliyezaa, humliwaza aliyefiwa, humsuta bahili na humsifu mwenye fahali. Ndiyo maana wimbo huohuo hausikiki sawasawa mara mbili.

Mnamo Novemba 2014, Unesco iliiingiza isukuti katika orodha ya turathi zinazohitaji kulindwa kwa dharura. Sababu zilizotajwa zilikuwa wazi. Wajuzi wengi ni wazee wasio na warithi, hafla za kuicheza zinapungua, fedha na vifaa vya kutengenezea ngoma na mavazi ni haba, na watunzi hupendelea muziki unaolipa.

Suala la vifaa linahitaji kufafanuliwa. Ngoma ya isukuti huchongwa kutoka gogo moja na kuwambwa ngozi ya kenge. Gogo hutoka kwenye miti ambayo haikatwi tena ovyo, nayo sheria ya wanyamapori ya mwaka 2013 inamzuia mtu kumiliki sehemu ya mwili wa mnyamapori bila kibali. Sheria hiyo ina manufaa yake, na msitu wa Kakamega ungekuwa mdogo zaidi bila ulinzi. Lakini fundi wa ngoma amejikuta katikati. Turathi moja inalindwa kwa kuibana nyingine.

Aidha, shule nyingi kote nchini hucheza isukuti katika tamasha za muziki. Hilo limeieneza sifa yake hadi kwa wanafunzi wasiojua neno la Kiluhya. Hata hivyo, ngoma ya jukwaani hupewa dakika chache, na maneno yake hukaririwa kwa ajili ya waamuzi. Uwezo wa kutunga papo hapo mbele ya wafiwa au maharusi haufundishwi hapo. Huo hurithiwa kwa kumfuata mzee kutoka boma hadi boma.

Saa mbili: Chakula

Baada ya ngoma huja mlo, na mgeni wa heshima magharibi mwa Kenya hupewa ingokho, yaani kuku wa kienyeji. Huchomwa kidogo motoni kisha akachemshwa polepole, bila viungo vingi. Firigisi, iitwayo imondo, kwa desturi ni ya baba mwenye boma. Mgeni asiidokoe asipopewa.

Kuku huliwa na obusuma, ugali mgumu ambao ukisongwa kwa unga wa wimbi huwa na rangi ya hudhurungi. Kando yake huwekwa mboga za asili: mrere unaoteleza, likhubi ambayo ni majani ya kunde, tsisaka, na miro yenye uchungu kidogo. Mboga hizo hulainishwa kwa musherekha, magadi ya kienyeji yanayochujwa kutoka majivu ya mimea. Panapo bahati kutakuwa na omushenye, mseto wa viazi vitamu na maharagwe, au tsiswa, kumbikumbi waliokaangwa baada ya mvua.

Vyakula hivi navyo viliwahi kudharauliwa kuwa vya maskini. Kuanzia 2007, wataalamu wa Kenya wakishirikiana na jamii mbalimbali walianza kuviorodhesha na kuvirudisha shuleni na sokoni. Kazi hiyo ilitambuliwa na Unesco mwaka 2021 kuwa mfano mwema wa kuhifadhi turathi. Hivyo basi, sahani na ngoma za jioni moja zimo katika vitabu viwili tofauti vya shirika hilohilo: chakula ni mfano wa mafanikio, ngoma ni kilio cha dharura.

Funzo kutoka Phu Tho

Je, wageni wanaweza kuiokoa isukuti? Vietnam inatoa jibu lenye tahadhari. Mkoa wa Phu Tho una nyimbo ziitwazo xoan, ambazo huimbwa majira ya kuchipua katika mahekalu ya vijiji kuwaenzi wafalme wa kale. Mwaka 2011 ziliwekwa katika orodha ileile ya dharura ambayo isukuti iliingizwa miaka mitatu baadaye. Vikundi vinne vya asili viliimarishwa, wazee wakapewa vijana wa kuwafundisha, na nyimbo zikaingizwa shuleni. Mwaka 2017 Unesco iliziondoa katika orodha ya dharura na kuzihamishia katika orodha ya kawaida ya turathi za binadamu.

Kilichotangulia huko kilikuwa mwanafunzi kuketi mbele ya mzee; mtalii alikuja kusikiliza kilichokuwa hai tayari. Kakamega ikitaka kufuata njia hiyo, jioni za wageni zinapaswa kulipa pia somo la asubuhi. Kundi linaloalikwa na mwenye hoteli lije na vijana wawili watatu wanaojifunza, na sehemu ya malipo iwafikie fundi wa ngoma na mwalimu, si kiongozi pekee.

Mambo ya kuzingatia

Mgeni anayepanga jioni hii azingatie yafuatayo:

Miezi ya Desemba hadi Februari huwa na mvua chache. Nyakati nyingine, mvua hupenda kunyesha alasiri, hivyo koti la mvua na viatu vya kushika utelezi ni lazima. Usiku una baridi, sweta isisahauliwe.

Malipo ya kikundi cha ngoma yaafikiwe mchana, mbele ya wanakikundi wote, ili pasizuke manung'uniko.

Mtu asipige picha matangani bila ruhusa ya wenye msiba, hata kama ngoma inamvutia kiasi gani.

Anayetaka kuwaona fahali wakipigana afanye matembezi yake Ijumaa jioni na alale huko huko, kwani mashindano hayo hufanyika mapema asubuhi, mara nyingi Jumamosi.

Mwisho, akiitwa kucheza, asikatae. Isukuti haina watazamaji, ina wachezaji na wale ambao zamu yao haijafika. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Kwa ngoma inayokosa warithi, msemo huo una uzito wake, mradi mgeni atakapoondoka, kijana wa pale abaki na ngoma mikononi.