Majina ya Maandiko katika Vinywa vya Watu

Mwalimu akiandika ubaoni jina la Farao, huenda wanafunzi wake wakalipokea kama jina geni. Lakini jioni ile ile watamsikia mzee wa mtaani akimkemea kijana mpotovu, "Firauni mkubwa we!" wala hawatatambua ya kuwa mwalimu na mzee wamemtaja mfalme mmoja.

Sababu yake ni ya kihistoria. Majina ya Maandiko yaliingia katika Kiswahili kwa milango miwili. Mlango wa kwanza ulikuwa Kiarabu, pamoja na dini ya Kiislamu, ambayo ilikuwako pwani tangu zamani sana: maandishi ya msikiti wa Kizimkazi, Unguja, ni ya mwaka 1107. Mlango wa pili ulikuwa tafsiri za wamisionari. Ludwig Krapf alifika Mombasa mwaka 1844, na mwaka huo huo akaanza kufasiri kitabu cha Mwanzo. Baadaye Askofu Edward Steere aliendeleza kazi hiyo Unguja, na mwaka 1952 ikatolewa Biblia ya Muungano. Kwa mlango wa kwanza tulipata Isa, Yahya na Firauni. Kwa wa pili, Yesu, Yohana na Farao. Ibrahimu, Musa na Ayubu walipita kote kuwili bila kubadilika sana.

Basi majina yaliyotangulia yalikuwa yamekwisha kuota mizizi, na mengine yalikuwa yameacha kuwa majina, yakawa maneno ya kila siku. Kubwa kuliko yote ni *binadamu*, yaani mwana wa Adamu. Latoka katika Kiarabu, lakini msemo huo huo u katika Kiebrania, na katika kitabu cha Ezekieli nabii aitwa hivyo zaidi ya mara 90. Msomaji wa Kiswahili aufahamu pasipo kufundishwa. Hata hivyo iko hatari. Biblia ya Muungano yaandika "mwanadamu" kwa mtu yeyote, na "Mwana wa Adamu" kwa Bwana. Jicho laona tofauti, bali sikio kanisani laweza kuipoteza. Msikilizaji akadhani Bwana ajiita mtu tu, asikumbuke utukufu ulioonwa na Danieli.

Neno *firauni* nalo limebadilika. Katika Kutoka, kosa la mfalme yule ni ugumu wa moyo na kuwaonea watumwa. Katika usemi wa watu, firauni ni mwovu wa kila namna, na mara nyingi mwasherati, na *ufirauni* ni mwenendo wake. Mwanafunzi mwenye maana hiyo kichwani atatafuta uasherati katika habari ya Kutoka, asiuone, na uonevu uliomo humo asiuangalie.

Lakini aliyedhulumiwa kupita wote ni Lutu. Kwa Waarabu jina lake ni Lut, na katika jina hilo limetoka neno ambalo kwetu ni *kulawiti*, litumikalo hata mahakamani. Waraka wa pili wa Petro wamwita mwenye haki, aliyehuzunishwa na maovu ya jirani zake. Na Waislamu wamhesabu kuwa nabii. Walakini dhambi ya mji imebandikwa jina la mgeni aliyeichukia. Lugha za Ulaya ziliutwika mzigo huo mji wenyewe wa Sodoma, na hapo zilitenda haki zaidi. Lakini nazo hazikosi lawama: hospitali ya London iliyopewa jina la Bethlehemu, iliyoanzishwa mwaka 1247, ilipata kuwatunza wenye wazimu, na Waingereza wakalifupisha jina hilo kuwa *bedlam*, maana yake ghasia na makelele. Mji mdogo alikozaliwa Bwana haukustahili hayo.

Haifai kuyafukuza maneno haya, wala hayatafukuzika, kwa kuwa lugha ni mali ya wasemao. Lakini mwalimu asifundishe jina la Maandiko kabla ya kuuliza limekwisha kufanya kazi gani mtaani. Akisema, "Farao huyu ndiye Firauni wenu," atakuwa amefungua mlango. Kisha aeleze ni wapi jina na mtu wameachana. Asipofanya hivyo, wanafunzi watamhukumu Lutu kwa neno ambalo yeye mwenyewe hakulitenda.