Futuhi na Taharuki katika Filamu za Peter Stone

Wahakiki wamezoea kuitenga futuhi na hadithi ya upelelezi. Kazi za Mmarekani Peter Stone (1930–2003) zinaupinga utengano huo. Mswada alioubuni pamoja na Marc Behm ulipokataliwa na kampuni za filamu, Stone aliugeuza kuwa riwaya, *Charade*. Ndipo wanunuzi wakajitokeza, na filamu ikatoka 1963. Humo shujaa hubadili jina kila mara, nasi hucheka. Kumbe kicheko hicho chatughafilisha tusizione stempu za thamani zilizo wazi juu ya bahasha. Katika *The Taking of Pelham One Two Three* (1974), chafya ya mteka treni, iliyosikika redioni kama mzaha, ndiyo inayomfichua mwishoni. Kwa Stone, basi, futuhi si pambo la taharuki bali ni mhimili wake.