Maisha ya Kijiji cha Kisukuma, Nyalikungu, Maswa

Kabla ya Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970, kaya za Wasukuma wa Maswa ziliishi mbalimbali, kila mji ukizungukwa na uzio wa minyaa, na zizi la ng'ombe ndani yake. Kando palitengwa ngitili, malisho yaliyofungwa wakati wa mvua ili mifugo iokoke kiangazi; ni ufundi wa kuheshimiwa hadi leo. Viazi vitamu vilikatwa na kuanikwa kuwa michembe, akiba ya miezi ya njaa.

Operesheni ilikusanya kaya ili zifikiwe na shule, zahanati na maji. Pamba, zao kuu la biashara, ilipimwa na kuuzwa kwenye ghala la chama cha ushirika. Kuanzia miaka ya 1980, sungusungu, vikundi vya ulinzi vya wanakijiji wenyewe, vililinda mifugo dhidi ya wezi.