Kiwimbi Juu ya Herufi

Nyanya alipofariki, kazi ya kuandika programu ya mazishi iliniangukia mimi. Ndivyo inavyokuwa ukiacha chuo na kurudi Kiritiri na laptopu: kila karatasi ya ukoo ni yako. Historia ya maisha yake niliiandika kwa Kimbeere, kwenye LibreOffice. Nikapanga picha, nikaweka kwa flashi, nikapanda matatu hadi Embu mjini kuchapisha nakala 200.

Jamaa wa duka alinakili maandishi, akayabandika kwenye programu yake na kuyavisha fonti ya madoido anayoipenda. Aya zilikaa sawa, vichwa vikabaki vizito. Ila kila mahali pa ĩ au ũ palikuwa na kisanduku kitupu. Jina la nyanya lilikuwa na visanduku viwili.

"Si watu watajua tu?" akaniuliza.

Alfabeti ya Kilatini ina vokali tano. Kimbeere, kama Kiembu na Kikuyu, kina saba. Zile mbili zilizozidi ziliandikwa kwa i na u zenye kiwimbi juu: ĩ husikika karibu na e, ũ karibu na o. Ndiyo maana Ngũgĩ wa Thiong'o hatamkwi vile wengi wetu humtamka. Kiswahili kilibahatika hapa. Hakina alama juu ya herufi, basi kinapita kwa kila mashine, labda kasoro ile koma ya ng'ombe.

Kuhamisha maandishi kumekuwa shida tangu zamani. WordStar, iliyotoka 1978, ilitia alama ya siri kwenye herufi ya mwisho ya kila neno ili ijue kupanga mistari. Ukifungua faili hiyo kwa programu nyingine, kila neno liliishia kwa takataka. Mwaka 1987 Microsoft ikaleta RTF, inayoeleza mapambo kwa maagizo ya herufi za kawaida, ili herufi nzito na za mlazo zisafiri salama kutoka programu moja hadi nyingine.

Mapambo yakapata njia. Herufi zetu je?

Mwaka huohuo wa 1987 ulitoka mpango wa herufi wa ISO 8859-1, uliokusudiwa lugha za Ulaya Magharibi. Kompyuta ilikuwa na nafasi 256 tu za kugawa. Mhispania alipata ñ, Mreno akapata ã na õ. Sisi hatukupata kitu. Kinachonichekesha ni kwamba mwaka uliofuata ĩ na ũ ziliingia kwenye mpango mwingine, ISO 8859-4, ulioandaliwa kwa lugha za kaskazini ya Ulaya na Greenland.

Walioandika lugha za Afrika wakabuni ujanja. Unachukua fonti, unafuta umbo la herufi usiyoihitaji, unachora yako mahali pake. Kwenye skrini unaona ĩ. Ndani ya faili bado ni ile herufi ya mwenyewe. Yaani herufi iligeuzwa kuwa pambo, kama rangi au unene. Ukipeleka diski kwa mashine isiyo na fonti hiyo, vazi linavuka na lugha inaondoka nalo.

Unicode ya 1991 ndiyo iliyoipa kila herufi nambari yake: ĩ ni 297, ũ ni 361, popote duniani. Faili za LibreOffice na za Word za leo, ambazo ISO ilizipitisha 2006 na 2008, zote hubeba nambari hizo.

Kumbe basi visanduku vya Embu havikuwa herufi zilizopotea. Nambari zilifika salama. Fonti ya jamaa ndiyo haikuwa na umbo la kuzivisha.

Nikamwambia aweke Times New Roman. Akasonya, ati itaonekana kama barua ya chifu. Akabadilisha. Viwimbi vikarudi vyote, na jina likasomeka. Lakini fonti mpya ilikuwa pana zaidi, aya zikafurika hadi ukurasa wa tisa, na tulikuwa tumelipia nane. Matatu za mwisho za Kiritiri zilikuwa zinajaza.

Akauliza atoe picha gani. Nikamwonyesha ile niliyopiga naye, mimi na sare ya shule, yeye amenishika sikio.

Akaifuta, akabonyeza printa.