Dirisha ibukizi lisilofunguka

Dirisha ibukizi ni dirisha jipya la kivinjari ambalo tovuti hulifungua juu ya ukurasa anaousoma mtu. Hutumika kuonyesha risiti ya kuchapisha, kumwezesha mtu kuingia kwa akaunti yake ya Google, au kuthibitisha malipo ya kadi na benki. Linaposhindwa kufunguka, mtumiaji hubofya kitufe na pengine asione chochote, hata ujumbe wa kosa. Ukimya huo huwafanya wengi wadhani mtandao umekatika au simu imeharibika, ilhali mara nyingi kivinjari kimelipokea ombi la tovuti na kulikataa kwa makusudi. Kazi ya kwanza, basi, ni kujua nani amekataa.

Uwezo wa ukurasa kufungua dirisha lingine ulikuja na JavaScript, lugha iliyoundwa na Brendan Eich mwaka 1995 akiwa Netscape. Miaka michache baadaye Ethan Zuckerman, aliyekuwa akifanya kazi Tripod, kampuni ya Marekani iliyowapa watu nafasi ya kuweka kurasa zao, aliandika programu ya kulitoa tangazo kwenye dirisha la peke yake. Kampuni moja ya magari ilikuwa imekerwa kuona tangazo lake ndani ya ukurasa wa ngono, na dirisha la pembeni lililitenga tangazo na ukurasa huo. Mwaka 2014 Zuckerman aliomba radhi kupitia jarida la The Atlantic. Kufikia hapo madirisha ya matangazo yalikuwa yameshawachosha watu na vivinjari vimeshajibu: Opera kilikuwa miongoni mwa vya kwanza kuyazuia, na mwaka 2004 kizuizi kiliingia katika Internet Explorer kupitia sasisho la Windows XP na katika Firefox 1.0. Tangu hapo kuzuia ndiyo kawaida.

Hata hivyo, kivinjari hakizuii kila dirisha. Hutazama kama mtumiaji amefanya kitendo, yaani amebofya au amegusa skrini. Dirisha linalofuata mbofyo hupita, na linalojitokeza lenyewe wakati ukurasa unapakiwa hukataliwa. Ruhusa inayotokana na mbofyo hudumu sekunde chache tu, katika Chrome takribani 5, na huisha ikishatumika mara moja. Tovuti inayotaka kufungua madirisha mawili kwa mbofyo mmoja kwa kawaida hupata la kwanza tu.

Hapo ndipo inapozaliwa hitilafu inayowaumiza zaidi watu wenye intaneti ya polepole. Tovuti nyingi hupokea mbofyo, hutuma ombi kwenye seva, kisha husubiri jibu ndipo zifungue dirisha. Ofisini kwa aliyeitengeneza, jibu hurudi papo hapo na kila kitu huenda sawa. Kwa mtu aliye mahali penye mawimbi hafifu, sekunde hupita, ruhusa huisha, na dirisha hukataliwa. Ndiyo maana kitufe kilekile hufanya kazi usiku wa manane na kukwama mchana mtandao ukizidiwa. Kosa hili ni la mtengenezaji wa tovuti, na si haki mtumiaji kuambiwa abadilishe simu. Tiba yake inajulikana: dirisha lifunguliwe tupu mara tu baada ya mbofyo, kisha lipewe anwani jibu likifika.

Kwa mtumiaji, dalili hutofautiana. Chrome ya kompyuta huweka alama ndogo mwishoni mwa upau wa anwani. Ukiibofya utaona dirisha lililozuiwa na utaweza kuiruhusu tovuti hiyo. Firefox huonyesha ukanda juu ya ukurasa. Kwenye iPhone, kizuizi cha Safari hakimo ndani ya kivinjari bali katika Mipangilio ya simu, na wengi hawafikirii kutafuta huko. Popote inapowezekana, ruhusu tovuti moja unayoiamini badala ya kuzima kizuizi chote, kwa sababu matapeli hutumia madirisha haya kutoa maonyo ya uongo ya virusi. Kabla ya kupakia ukurasa upya, hifadhi ulichokwisha kujaza kwenye fomu, maana kinaweza kupotea.

Pasipokuwa na dalili yoyote, shuku viendelezi vya kuzuia matangazo, kama uBlock Origin. Fungua tovuti katika hali fiche, ambako kwa kawaida viendelezi havifanyi kazi. Dirisha likifunguka huko, zima viendelezi kimoja kimoja hadi umpate mhusika. Kiungo kilichofunguliwa ndani ya Facebook au Instagram hutumia kivinjari kidogo cha programu hiyo, ambacho huenda kisiruhusu dirisha la pili. Chagua kwenye menyu kukifungua katika kivinjari kamili. Opera Mini, inayopendwa sana Afrika kwa kuokoa bando, ina jambo lake: katika hali ya kubana data kwa kiwango cha juu, kurasa huandaliwa kwenye seva za Opera kabla ya kufika kwenye simu, hivyo madirisha yanayotegemea JavaScript huweza kukwama. Badilisha hali hiyo kwa muda.

Wakati mwingine dirisha limefunguka bila kuonekana. Tovuti ikilipa dirisha jina, mbofyo wa pili hautoi jipya bali hutumia lile la mwanzo, ambalo huenda limejificha nyuma ya mengine.

Tena, si kila kinachoibuka ni dirisha. Visanduku vingi vya siku hizi ni sehemu ya ukurasa wenyewe: havina upau wa anwani na haviwezi kusogezwa nje ya ukurasa. Kwa hivyo, kubadilisha mpangilio wa madirisha ibukizi hakusaidii kitu. Huenda faili la JavaScript halikupakiwa kikamilifu, au kivinjari kinatumia nakala ya zamani. Kwenye Windows, Ctrl na F5 hulazimisha ukurasa kupakiwa upya wote.

Msanidi anaweza kugundua kizuizi kwa kuangalia kinachorudishwa na amri ya window.open: ikirudi null, kwa kawaida dirisha limekataliwa, na tovuti inapaswa kumwonyesha mtumiaji kiungo cha kawaida cha kubofya. Kuna mtego mmoja. Amri hiyo ikiambatana na noopener hurudisha null hata dirisha likiwa limefunguka, na tovuti huishia kumlaumu mtumiaji bure. Ukurasa uliopachikwa ndani ya fremu yenye sandbox nao hauwezi kufungua dirisha mpaka fremu hiyo ipewe allow-popups.

Kwenye kompyuta za ofisi, vyuo na benki, mipangilio hii yaweza kuwa imefungwa na msimamizi. Huko mtumiaji hana la kubadilisha. Ampelekee afisa wa TEHAMA anwani ya tovuti ili iongezwe kwenye orodha ya zinazoruhusiwa.